Uhakiki wa Korosho

Wapenzi wa ushairi hulitumia neno uhakiki wanapolipima shairi, vina na mizani yake, kisha maana. Kwa wakulima wa Nangurukuru na vijiji vyengine vya Kilwa, na ndugu zao wa Lindi na Mtwara, neno hilo lilipata maana nyengine katika msimu wa korosho wa mwaka 2018.

Msimu uliotangulia, bei mnadani ilifika shilingi 4,000 kwa kilo. Oktoba 2018 bei ya dunia ilikuwa imeanguka. Wanunuzi wakataja chini ya 3,000, na wakulima wakakataa kuuza. Tarehe 12 Novemba Rais John Magufuli akatangaza kwamba Serikali itazinunua korosho zote kwa shilingi 3,300, Benki ya Maendeleo ya Kilimo ilipe, na Jeshi lizisombe. Kusini kukawa na shangwe.

Kabla ya malipo, ukaja uhakiki. Mwenye mzigo mkubwa alitakiwa aonyeshe shamba lake, kwani Serikali iliwasaka watu wa kangomba, yaani walanguzi wanunuao nje ya ushirika kwa bei ya kutupa. Shabaha ilikuwa ya haki. Walakini, nani humuuzia mlanguzi? Ni yule ambaye shida imemfikia kabla ya mnada. Kuchelewa kwa malipo kulizidi kuinenepesha shida iyo hiyo.

Mwaka 2019 ukaingia, wengi hawajalipwa na manung'uniko yamezagaa. Serikali nayo ilikuwa na shehena isiyouzika upesi: mkataba wa tani 100,000 na kampuni moja ya Kenya, uliotiwa saini Januari, ulivunjwa Mei. Na mkorosho hauingoji hazina. Shamba lataka palizi, kisha mti upuliziwe salfa katikati ya mwaka, maua yasiliwe na ubwiri unga. Asiyelipwa atanunua salfa kwa nini? Hivyo hasara ya msimu mmoja ikapenya msimu wa pili.

Wahenga walisema ahadi ni deni. Na deni lina siku yake. Bei ya 3,300 ilikuwa njema kuliko ya mnada, lakini mkulima haishi kwa bei, huishi kwa malipo. Uhakiki uliostahili kutangulia ni ule wa mfuko wa mlipaji: fedha ipo kiasi gani, nayo itafika lini kijijini?