Kutoka Karakana ya Seremala hadi Kituo cha Angani

Mzazi akisimama dukani mbele ya boksi la LEGO lenye picha ya kituo cha angani, macho yake huvutwa na mabawa ya sola, roketi na wanaanga wadogo wanaotabasamu. Mimi ni seremala, karakana yangu iko Malindi, na jicho langu huenda kwanza pale kitu kinapoungana na kingine. Ndiyo maana naiona historia ya mchezo huu kuwa historia ya ufundi wetu sisi mafundi mbao, na nataka ielezwe hivyo.

Ilianzia Billund, kijiji kidogo cha Jutland nchini Denmark. Mwaka 1916 seremala kijana aitwaye Ole Kirk Christiansen alinunua karakana hapo, akawa anajenga nyumba za wakulima na kutengeneza milango, madirisha na samani. Mwaka 1924 wanawe wawili wadogo walichezea moto karibu na maranda ya mbao, karakana ikateketea pamoja na nyumba. Akajenga upya. Ulipofika mdororo wa uchumi wa miaka ya 1930, wakulima hawakuwa tena na fedha za kujengea. Mwaka 1932 mkewe Kristine alifariki akamwachia watoto wanne wa kiume, na kazi kubwa zilikuwa zimekauka. Fundi aliyezoea kupandisha mapaa akageukia vitu vidogo vinavyoweza kununuliwa hata wakati wa dhiki: ngazi, meza za kupigia pasi, na vitu vya watoto vya mbao kama magari, treni na bata wenye magurudumu. Mwaka 1934 biashara yake ikapewa jina la LEGO, alilolitunga kutokana na maneno ya Kidenmark yenye maana ya kucheza vizuri.

Kuna kisa cha hao bata ambacho kila fundi angepaswa kukisoma. Bata walipigwa vanishi mikono mitatu. Siku moja mwanawe Godtfred, aliyekuwa bado kijana, alimwendea baba yake kwa furaha akamwambia kwamba ameiokolea karakana fedha: shehena iliyokwisha kwenda stesheni ya treni ameipiga mikono miwili tu. Baba akamwamuru arudi stesheni, ayateremshe maboksi, awapige bata wote mkono wa tatu, awafunge tena na kuwarudisha, na kazi hiyo aifanye peke yake. Godtfred alikuja kuchonga kwenye ubao kaulimbiu ya baba yake, isemayo kwamba kilicho bora kabisa ndicho pekee kinachotosha, nayo ikatundikwa karakanani.

Baada ya Vita vya Pili vya Dunia Ole Kirk aliagiza kutoka Uingereza mashine inayoyeyusha plastiki na kuisukuma ndani ya kalibu. Kwa karakana ya kijijini ilikuwa gharama ya kutisha. Akaletewa pia sampuli za tofali la plastiki lililobuniwa na Mwingereza Hilary Fisher Page, naye akalifanyia marekebisho. Mwaka 1949 kampuni ikatoa matofali yake ya kwanza. Yalikuwa na vinundu juu na uwazi mtupu ndani, kwa hiyo yakipangwa yalisimama, lakini yakiguswa yaliachana. Tatizo hilo lilimalizwa na Godtfred na wenzake kwa kutia mirija ndani ya tofali, ili kila kinundu kibanwe kati ya mrija na ukuta. Hataza iliombwa Copenhagen tarehe 28 Januari 1958. Ole Kirk alifariki mwezi Machi mwaka huohuo.

Hapa fundi mbao lazima aulize kwa nini matofali hayo hayakutengenezwa kwa mbao, wakati karakana ilikuwa na mafundi wa kutosha. Jibu tunalo mikononi kila mwaka. Mlango nilioupiga randa wakati wa kaskazi, ukafunga vizuri, utakuja kukwama masika, kwa sababu ubao hunywa unyevu na kuvimba. Kisha jua likirudi, husinyaa. Seremala mwenye akili huuachia ubao nafasi yake. Lakini kinundu kinachoshika kwa kubanwa tu, bila gundi wala msumari, hakina nafasi ya kuachia. Kikizidi unywele mmoja, mtoto hawezi kukichomoa. Kikipungua unywele mmoja, mnara unaanguka. Mwaka 1960 moto uliunguza ghala la bidhaa za mbao huko Billund, na Godtfred akaamua kuacha kabisa vitu vya mbao. Miaka michache baadaye wakahamia plastiki ya ABS, ambayo haipindi wala kusinyaa upesi kama ile ya mwanzo.

Vipimo vyake nimevichukua mwenyewe kwa kalipa. Toka katikati ya kinundu kimoja hadi katikati ya kinachofuata ni milimita 8. Urefu wa tofali kwenda juu, bila vinundu, ni milimita 9.6. Kile kipande chembamba ni milimita 3.2, kwa hiyo vitatu vikipandana vinalingana na tofali moja bila kuzidi wala kupungua. Mpango wote umeegemea namba hizo. Matofali mawili yenye vinundu vinane, ya rangi moja, huungana kwa namna 24. Yakiwa sita, namna hizo zinafika 915,103,765. Hesabu hiyo ilikwisha fanywa na wanahisabati, nami naisoma kwa heshima, kwani inaonyesha kwamba kipimo kikiwa kikali mikono ya mtoto huwa huru.

Anga iliingia mchezoni taratibu. Katika miaka ya 1960 na 1970 kulikuwa na roketi za matofali, kwani dunia nzima ilikuwa ikitazama mwezi. Mwaka 1978 ndipo zilipotoka seti za anga zenye mpango wake kamili, pamoja na yule mtu mdogo mwenye miguu inayopinda na mikono inayoshika. Mbunifu aliyeongoza kazi hiyo aliitwa Jens Nygaard Knudsen. Wanaanga wa kwanza walivaa nyekundu na nyeupe, wakabeba mtungi wa hewa mgongoni, na kifuani walichorwa sayari ya dhahabu inayozungukwa na chombo chekundu. Hawakuwa na bunduki. Walipewa rada, magari ya mwezini, vituo vya kuongozea safari na vyumba vya utafiti. Mwaka 1979 kikafuata chombo maarufu kuliko vyote, Galaxy Explorer, chenye vipande 338, rangi ya buluu na kijivu na vioo vya njano. Mwaka 2022, kampuni ilipotimiza miaka 90, kilitolewa upya kwa umbo kubwa zaidi, na wengi walioliona boksi hilo wakakumbuka utoto wao.

Mwanaanga wa zamani nimemshika. Mteja mmoja wa hapa Malindi aliniletea kasha la mbao nibadilishe bawaba, na ndani yake mlikuwa na vitu alivyochezea akiwa mdogo huko Italia. Mwanaanga mwekundu alikuwa na kofia iliyokatika kidevuni. Niliitazama kwa kioo cha kukuzia. Ukanda wa kidevu ulikuwa mwembamba kupita kiasi, na kila mara mtoto alipoivua kofia, nguvu yote iliangukia hapo. Kofia za baadaye zilitiwa unene mahali hapohapo. Kwa idhini ya mteja nilichukua tofali moja la buluu kutoka kasha hilo, nikalibandika kwenye kipande cha seti mpya ambayo binamu yangu aliwaletea wanawe kutoka Muscat. Likaingia kwa mlio mdogo, likashika. Vipande hivyo viwili vilitengana kwa zaidi ya miaka arubaini, vikakutana kwenye benchi langu bila msasa wala patasi.

Vituo vya angani vya kweli vilichukua muda kufikia busara hiyo ya vipande vinavyoungana. Salyut 1, kituo cha kwanza, kilirushwa na Wasovieti mwezi Aprili 1971 kikiwa kizima. Skylab ya Marekani, mwaka 1973, nayo ilipanda ikiwa nzima. Kituo kilichorushwa hivyo hakiwezi kuzidi uwezo wa roketi moja. Mwaka 1986 Wasovieti wakarusha Mir, chenye kiungo cha mbele kilichokuwa na milango mitano, na kwa miaka kumi wakawa wanakiongezea chumba baada ya chumba hadi mwaka 1996. Huo ndio mwanzo wa kujenga kwa vipande juu ya dunia.

Kituo cha Kimataifa cha Anga za Juu kiliupeleka mwendo huo mbali zaidi. Chumba cha kwanza, Zarya, kilitengenezwa Moscow na kurushwa kutoka Baikonur tarehe 20 Novemba 1998. Cha pili, Unity, kilitengenezwa Huntsville, Alabama, kikapanda na chombo Endeavour tarehe 4 Desemba. Vyumba hivyo havikuwahi kukutana hapa duniani. Viligusana kwa mara ya kwanza huko juu, vikienda kasi ya takriban kilomita 28,000 kwa saa, vikaungana. Unity ina milango sita, na viungo vyake vikubwa hukazwa kwa boliti 16 zinazozungushwa na mota. Baadaye ukaja mkono wa mashine wa Canada, chumba cha Ulaya kiitwacho Columbus na chumba cha Japani kiitwacho Kibo. Leo kituo hicho kina upana wa mita 109 na uzito unaozidi tani 400, na kimekaliwa na watu bila kukatika tangu tarehe 2 Novemba 2000. Kila nchi ilifanya kazi yake kwao, kwa lugha yake, na kilichozikutanisha ni michoro yenye vipimo vilivyokubaliwa.

Mchezo na kituo vikaanza kufuatana. Mwaka 2003 LEGO ilitoa seti ndogo ya kituo hicho. Mwezi Mei 2011 Endeavour ilipeleka seti 13 kituoni kwa ajili ya masomo ya watoto, na mwanaanga wa Japani, Satoshi Furukawa, akajenga humo mfano wa kituo alichokuwa akiishi. Aliujenga ndani ya kisanduku kilichofungwa chenye glavu, kwa sababu vipande vingepeperuka na kuingia kwenye mitambo, na plastiki nyingi iliyo wazi ni hatari ya moto. Mfano huo ulikuwa mrefu kiasi kwamba hapa duniani ungevunjika kwa uzito wake wenyewe. Mwaka 2020 ikatoka seti ya vipande 864, iliyopendekezwa na mpenzi wa mchezo huo, Christoph Ruge, na kuchaguliwa kwa kura za wapenzi wenzake.

Sisi wa pwani si wageni wa mambo haya. Kutoka Ngomeni, kaskazini ya Malindi, majukwaa ya San Marco yanaonekana baharini. Hapo Waitaliano walirusha setilaiti kuanzia mwaka 1967, na tarehe 12 Desemba 1970, siku ya sikukuu ya uhuru wa Kenya, setilaiti iliyopewa jina Uhuru ilipaa kutoka maji yetu ikachunguze miale ya eksirei kutoka kwenye nyota. Lakini mfano wa kipimo cha pamoja ninaoupenda zaidi ni wa karibuni. Mwaka 1999 maprofesa wawili wa California, Jordi Puig-Suari na Bob Twiggs, walikubaliana juu ya setilaiti ndogo ya kufundishia wanafunzi: mchemraba wenye sentimita 10 kila upande. Twiggs alipata wazo la ukubwa huo kwenye boksi la plastiki la kuonyeshea wanasesere dukani. Kwa kuwa kipimo ni kimoja, kasha la kurushia ni moja, na chuo chochote kikitimiza kipimo hicho kazi yake inaingia. Ndivyo setilaiti ya Chuo Kikuu cha Nairobi, 1KUNS-PF, ilivyoachiwa kutoka Kibo tarehe 11 Mei 2018. RWASAT-1 ya Rwanda ikafuata mwaka 2019, na PearlAfricaSat-1 ya Uganda mwaka 2022. Hakuna kati ya nchi hizi iliyojenga kituo, lakini kila moja iliheshimu kipimo, na mlango ukafunguka.

Kwa hiyo nina neno kwa mafundi wenzangu na kwa walimu wa vyuo vya ufundi, kuanzia Lamu hadi Mtwara. Seti hizi za ng'ambo ni ghali, na watoto wengi wa mitaani kwetu wataziona kwenye picha tu. Vipande vya mbao tunavyo, vinabaki chini ya kila benchi na kuishia jikoni kuwa kuni. Tunachokosa ni kipimo cha pamoja. Kila fundi akitengeneza vitu vya watoto hujipimia mwenyewe, na cha Malindi hakiungani na cha Tanga. Tuketi tukubaliane: mchemraba wa ukubwa mmoja, tundu la kipenyo kimoja katikati ya kila upande, na kijiti cha kuungia chenye nafasi ya kutosha kwa ubao kuvimba masika. Mchoro ubandikwe katika kila karakana, na kitakachozidi au kupungua kisiuzwe. Mtoto wa Pemba akipata vipande kumi na binamu yake wa Kilifi akapata kumi, wakikutana sikukuu wawe na ishirini, wajenge nyumba, jahazi au kituo cha angani kwa kadiri watakavyo. Ole Kirk alianza na mabaki ya mbao wakati hana fedha. Sisi mbao tunazo na mikono tunayo, basi tukubaliane kipimo mwaka huu.