Martin Niemöller, Rais wa Kanisa

Martin Niemöller alizaliwa Ujerumani mwaka 1892. Katika Vita Kuu ya kwanza aliongoza manowari ya kuzamia, kisha akawa mchungaji. Mwaka 1933 alikipigia kura chama cha Hitler; lakini serikali ilipotaka kulitawala kanisa, alipinga waziwazi. Alikamatwa mwaka 1937, akakaa kifungoni, Sachsenhausen na kisha Dachau, hata 1945. Alipofunguliwa hakujivunia mateso yake, bali aliungama kuwa yeye na wenzake walinyamaza wengine walipoonewa. Wengi walimchukia kwa neno hilo. Hata hivyo aliliongoza Kanisa la Hessen na Nassau, akiwa Rais wake, tangu 1947 hadi 1964. Alifariki mwaka 1984. Basi kuungama kosa hakumpunguzii kiongozi heshima; alifichaye ndiye asiyeaminika.