Kesi ya mtoto haimalizwi barazani

Miaka kadhaa iliyopita niliitwa kwenye kikao cha wazee kushuhudia suluhu. Binti wa darasa la 7 alikuwa amenajisiwa na jamaa wa karibu. Ikatajwa faini, familia ikapokea, fatiha ikasomwa. Nami niliitikia amin. Siku hizi nikikutana na binti yule njiani, mimi ndiye ninayeinamisha uso.

Hoja ya siku ile ilikuwa sitara: mtoto wa kike asitangazwe. Sitara ni mila njema kwetu, na dini yatuhimiza. Lakini aliyesitiriwa pale ni mtu mzima.

Sheria ya Makosa ya Kingono ya 2006 iko wazi. Aliyemnajisi mtoto wa miaka 11 au chini hukumu yake ni kifungo cha maisha. Wa miaka 12 hadi 15, kisichopungua miaka 20. Wa miaka 16 au 17, kisichopungua 15. Hii ni jinai. Mlalamishi ni Jamhuri, kwa hivyo makubaliano ya wazazi hayaifuti. Kadhi naye, kwa Kifungu cha 170 cha Katiba, amepewa mambo ya hadhi ya mtu, ndoa, talaka na mirathi. Wala kumwoza binti kwa aliyemnajisi si dawa: Sheria ya Watoto ya 2022 yakataza kuoza mtoto.

Na anayeogopa aibu ya mahakamani ajue kwamba huko nako kuna sitara. Hakimu aweza kuamuru kesi isisikizwe hadharani, mtoto akingwe asionane na mshtakiwa, na jina lake lisichapishwe.

Likitokea, usimuogeshe mtoto wala usifue nguo zake. Mpeleke hospitali mara moja, kwani dawa za kuzuia virusi vya ukimwi zataka zianzwe kabla ya saa 72 kupita. Ripoti polisi, uchukue fomu ya P3 ijazwe na daktari. Nambari 116 ya kusaidia watoto hupigwa bila malipo.

Wazee wetu bado wana kazi kubwa. Wamsindikize mama hadi kituoni, wazuie vitisho vya jamaa, na wanyamazishe midomo ya mtaa. Nikiitwa tena kikaoni, hayo ndiyo nitakayoitikia amin.