Mkeka wa Bi Swafiya

Saa moja kasorobo asubuhi, Rhonda ishaamka zamani. Wa vibarua vya mjengo wameshaondoka, mama mboga wanapanga sukuma wiki kando ya barabara, makanga wanaita abiria wa kwenda tauni. Katikati ya pilikapilika hiyo utawaona watoto wa miaka minne na mitano, sweta zimewapwaya, mkono mmoja umeshikwa na mama au na dada, mwingine umekumbatia mkebe wa uji. Wanakata vichochoro vya mabati na kupotelea ndani ya chumba kilichopakwa rangi ya samawati, alfabeti ikiwa imechorwa ukutani kwa mkono. Mara nyingi mwenye chekechea hiyo ni mwanamke wa mtaa huohuo. Alikodi chumba, akanunua viti vya plastiki, akaanza na watoto wa majirani. Karo analipwa kidogokidogo, wiki kwa wiki, na wiki nyingine halipwi kabisa.

Mtaa huu wa magharibi mwa Nakuru, uliopakana na Kaptembwo na usio mbali na ua wa mbuga ya ziwa, umejaa watu waliotoka kila pembe ya Kenya kufuata kazi. Waislamu ni wachache. Hata hivyo wako mjini hapa tangu enzi za reli, na jirani wa Rhonda haulizi dini ya mwalimu kabla ya kumwachia mtoto. Anauliza kama mwalimu ana roho ya watoto.

Kila nipitapo kwenye vyumba hivyo humkumbuka mwanamke wa Mombasa ambaye, miaka arobaini iliyopita, alishika kazi hii ikiwa bado haina jina wala heshima. Anaitwa Bi Swafiya Muhashamy-Said, na wengi humwita Bi Swafiya tu. Yeye ndiye aliyeziongoza chekechea za kwanza za mradi uliokuja kujulikana kama Programu ya Madrasa, mradi ulioanzia Mombasa ukavuka hadi Zanzibar na Uganda.

Ili kuelewa alichokifanya, lazima turudi nyuma kidogo. Pwani haikuwahi kukosa shule ya watoto wadogo. Kulikuwa na chuo: mtoto alipelekwa na mzazi wake akakabidhiwa kwa maalim, akaketi mkekani na wenzake, akaanza alifu na be hadi akafika kwenye juzuu. Chuo kilikuwa cha watu. Kilijengwa na mtaa, kikalishwa na mtaa, na maalim aliheshimiwa kuliko mwenye duka. Elimu ya serikali, kwa upande wake, ilifika pwani imeshikana mkono na misheni. Shule za misheni za Rabai na Frere Town zilifundisha kusoma na kubatiza kwa wakati mmoja, na mzazi Mwislamu aliyekaa mbali na shule hizo alikuwa na sababu yake. Serikali ya kikoloni ilifungua Shule ya Waarabu Mombasa mwaka 1912. Katika miaka ya 1930 Sheikh Al-Amin Mazrui alitumia gazeti lake la Al-Islah kuwahimiza Waislamu wasome elimu ya kisasa bila kuitupa dini, na akawatetea hata watoto wa kike. Taasisi ya Elimu ya Kiislamu ya Mombasa, ile iliyoitwa MIOME, ikaanza kufundisha ufundi mwaka 1951. Juhudi hizo zote, ukizitazama, zilimlenga kijana. Mtoto wa miaka mitatu, minne au mitano aliachiwa chuo na bibi yake.

Baada ya uhuru mambo yaligeuka upesi kuliko wengi walivyodhani. Chekechea za harambee zilichipuka kote nchini. Mwaka 1971 mradi wa elimu ya awali ulianza kwa msaada wa Wakfu wa Bernard van Leer wa Uholanzi, na mwaka 1984 serikali ikaunda kituo cha kitaifa cha malezi ya watoto wadogo, NACECE, kisha vituo vya wilaya vya kufundisha walimu. Hilo lilikuwa jambo jema, ila lilikuja na mwiba wake. Shule za msingi zilianza kumsaili mtoto kabla ya kumpokea darasa la kwanza. Anaweza kushika penseli? Anazijua rangi? Anaweza kuhesabu hadi kumi? Mtoto aliyetoka chuoni alikuwa amehifadhi sura kadhaa za Kurani kichwani mwake, kazi kubwa kwa umri wowote, lakini mbele ya meza ile hakuna aliyemuuliza alichohifadhi. Alirudishwa nyumbani kana kwamba hajui chochote.

Uchungu huo ndio ulioibeba habari yote. Mwaka 1982 viongozi wa Kiislamu wa pwani walimwendea Aga Khan, kiongozi wa Waismaili, wakamweleza kuwa watoto wao wanaachwa nyuma. Walitaka vijana wao wafike mbali, hadi juu kabisa. Wakfu wa Aga Khan ukafanya uchunguzi, na jibu lililorudi lilielekeza chini badala ya juu: anzeni na wadogo. Nadhani inataka ujasiri kumpa jibu kama hilo mzee aliyekuja kuombea wanawe njia ya chuo kikuu. Na inataka ujasiri zaidi kwa mzee huyo kulikubali.

Kazi ikampata mwenyewe. Bi Swafiya alikuwa mwalimu mzoefu, mwanamke wa Kiislamu anayeijua mitaa ya Mombasa na desturi zake. Mwaka 1986 alianza majaribio. Hakuingia mtaani na ramani ya jengo. Alikwenda kukaa barazani na kuzungumza: na kamati za misikiti, na maalim, na akina mama. Swali aliloulizwa lilikuwa zito na la haki. Mtoto akicheza asubuhi nzima, dini ataisoma saa ngapi? Wapo waliohofia kwamba hii ni misheni iliyovalishwa kanzu.

Jibu lake lilikuwa kuiweka chekechea palepale penye madrasa, kilekile chuo cha mtaa. Jina, chumba na jamii vikabaki vilevile. Kilichobadilika ni kinachofanyika ndani. Siku ilifunguliwa kwa dua, mtoto akajifunza adabu za Kiislamu na sura fupi, halafu akafunguliwa dunia: kuhesabu, kuchora, kusimulia hadithi, kuimba nyimbo za bibi zake kwa Kiswahili, kumwaga maji kutoka chombo hiki hadi kile mpaka aelewe kwa mikono yake kujaa na kupungua ni nini. Watoto wasio Waislamu nao walipokelewa.

Namna ya kufundisha ilitoka mbali, na hapa ndipo penye ufundi wa mradi huu. Katika mji wa Ypsilanti, jimbo la Michigan nchini Marekani, mwanasaikolojia David Weikart alianza mwaka 1962 kuwafundisha watoto wa familia maskini za Wamarekani weusi kwa utaratibu uliokuja kuitwa HighScope. Kiini chake kinaelezeka kwa maneno matatu: panga, fanya, kumbuka. Mtoto husema anataka kufanya nini, hulifanya, kisha huwasimulia wenzake alivyofanya. Programu ya Madrasa iliuchukua mwenendo huo ikaushonea upya kwa kitambaa cha pwani.

Tazama darasa la namna hiyo kwa karibu. Hakuna madawati. Kuna mkeka, na chumba kimegawanywa kona: kona ya nyumbani yenye kijungu na kanga, kona ya vitalu vya mbao, kona ya vitabu, kona ya kuchora. Kwenye vikapu kuna vifuu vya nazi vilivyosuguliwa, kome na simbi za ufukweni, vizibo vya soda, vijiti, mbegu. Mwalimu hasimami mbele na fimbo. Amepiga magoti, macho yake sawa na macho ya mtoto. Leo utacheza wapi? Mtoto anaonyesha vifuu. Utafanya nini navyo? Nitapika. Utawapikia wangapi? Mtoto anatazama wenzake, anahesabu kwa kidole, anaweka vifuu vinne chini, anaongeza kimoja kwa ajili ya mwalimu. Hesabu imeshafundishwa hapo, na ukarimu pia, wala hakuna aliyechapwa. Kwa mtu aliyesoma kwa kuimbishwa a-e-i-o-u huku kiboko kikiwa mezani, mandhari hiyo ni mapinduzi.

Lakini walimu wangetoka wapi? Bi Swafiya na wenzake waliwatafuta mtaani. Wengi walikuwa wanawake vijana waliomaliza shule bila alama za kuwapeleka mbele, wakawa nyumbani wanangoja ndoa. Walifunzwa kwenye kituo cha mradi, kisha mkufunzi akawafuata hadi darasani, akaketi kando, akaangalia, na mchana wakazungumza: mtoto yule amenyamaza siku ya tatu, umemuuliza ana nini? Mafunzo ya namna hiyo ni ya polepole na ya gharama, lakini humbadilisha mtu. Msichana aliyekuwa hasikiki nyumbani kwao akawa anasimama mbele ya kamati ya msikiti akieleza matumizi ya pesa. Kamati zenyewe zilitakiwa kuwa na akina mama ndani yake. Mimi naona hapo ndipo Bi Swafiya alipojenga jambo kubwa kuliko chekechea zenyewe.

Huwa nasikia watu wakibishana kama mwanamke wa aina hii aitwe mjasiriamali, kwa kuwa hakuuza kitu wala hakujenga utajiri. Mimi namwita hivyo bila kusita. Alianzisha kitu ambacho hakikuwepo, akakitafutia mtaji na watu, akaweka jina lake rehani kwa majirani zake, na akakipanga kiweze kusimama akishaondoka. Wafanyabiashara wangapi wa Kenyatta Avenue hapa Nakuru wamefanya hivyo?

Hilo la kusimama lilifikiriwa kwa makini. Jamii na kituo walitia sahihi mkataba. Jamii ilitoa mahali, ikachagua kamati, ikachangisha; kituo kikatoa mafunzo na usimamizi kwa miaka michache. Shule ikifikia kiwango ilifanyiwa mahafali, shule nzima kama mwanafunzi, na kuanzia hapo mwenyewe ni mtaa. Baadaye ulianzishwa mfuko: jamii ikiweka akiba yake, wafadhili waliongeza juu yake, pesa zikawekezwa, na kinachopatikana kikasaidia mshahara wa walimu. Pesa hizo hazikuwahi kutosha, na mishahara ya walimu ilibaki midogo. Kila aliyewahi kuendesha chekechea anajua kwamba shida ya kazi hii huanzia tarehe 28 ya mwezi.

Mradi ulifika Zanzibar mwaka 1990 na Kampala mwaka 1993. Baada ya miongo miwili shule zilizopitia mikononi mwake zilikuwa zimezidi 200 katika nchi hizo tatu. Watafiti akina Peter Mwaura na Kathy Sylva wa Oxford waliwafuatilia watoto wa madrasa hizo, wakawalinganisha na wa chekechea nyingine na waliobaki nyumbani. Matokeo yao, yaliyochapishwa mwaka 2008, yalionyesha kuwa waliokwenda chekechea yoyote waliwashinda wa nyumbani, na wa madrasa wakapiga hatua kubwa zaidi ya wote.

Pigo lilikuja kwa njia ya neema. Januari 2003 serikali ya Mwai Kibaki ilifuta karo ya shule za msingi. Nchi ilishangilia, na ilistahili kushangilia. Ila wazazi wengi maskini walipiga hesabu yao: kwa nini nilipie nasari wakati darasa la kwanza ni bure? Watoto wakatolewa, wengine wakakaa nyumbani wakingoja umri, na chekechea za mitaa zikabaki na viti vitupu. Katiba ya mwaka 2010 iliikabidhi elimu ya awali kwa kaunti, na mtaala mpya ukaja na madarasa yake mawili, PP1 na PP2. Siku hizi mwalimu wa chekechea ya umma hapa Nakuru huajiriwa na kaunti. Yule wa chumba cha kukodi ni wa mtaa, kama alivyokuwa tangu mwanzo.

Ndiyo maana narudi Rhonda. Mitaa hii ya magharibi iliwaka moto Januari 2008, katika ghasia za baada ya uchaguzi, jirani akamkimbia jirani. Anayejua unavyoogopana na mwenzako, kisha akaweza kukufanya umwachie mtu wa kabila jingine mwanao wa miaka minne kuanzia asubuhi hadi mchana, amefanya kazi isiyoandikwa kwenye leseni. Wanawake wanaoendesha vyumba hivi, Waislamu na Wakristo, wanaifanya kila siku. Vifaa vya bure havikosekani kwao: pwani ina vifuu na simbi, Rhonda ina vizibo, maboksi, mbegu za avokado na vipande vya mbao vya mafundi wa jua kali. Wanachokosa ni mtu wa kuketi kando ya mkeka wao akawatazama wakifanya kazi, kisha mchana akauliza: yule mtoto aliyenyamaza siku ya tatu, umemuuliza ana nini?

Saa sita na nusu watoto wanaanza kuchukuliwa. Mama wengi bado wako kazini, kwa hiyo anayekuja ni kaka wa darasa la tano aliyetoroka mapumziko yake ya chakula, au nyanya, au jirani aliyepigiwa simu. Mwalimu amesimama mlangoni. Kila anayefika anamtazama usoni kwanza, anamtazama mtoto, anauliza jina la nyumbani. Kaka mmoja anataka kuchukua wawili. Wa pili si wa kwao, ni wa mpangaji mwenzao. Mwalimu anamrudisha ndani yule wa pili, anamketisha mkekani, anampa kikopo cha vizibo, na kumpigia mamake simu.