Safari ya utabiri wa hali ya hewa hadi Iguguno

Huduma ya hali ya hewa ya Afrika Mashariki ilianzishwa na Waingereza mwaka 1929. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika mwaka 1977, kila nchi ilibaki na huduma yake. Tanzania ikaunda idara ya serikali mwaka 1978, ikawa Wakala mwaka 1999, kisha Mamlaka ya Hali ya Hewa (TMA) kwa sheria ya mwaka 2019.

Televisheni ilichelewa. Zanzibar ilianza matangazo mwaka 1973, Bara ikasubiri hadi 1994. Kwa Iguguno, wilayani Mkalama mkoani Singida, redio ndiyo iliyobeba habari za mvua kwa miaka mingi.

Mtangazaji wa utabiri husoma mikoa kwa makundi, na Singida huenda pamoja na Dodoma: mawingu kiasi, vipindi vya jua, basi. Ufupi huo haumtoshi mkulima. Singida haina vuli na masika. Ina mvua za msimu, kuanzia Novemba hadi Aprili, na anayekosea kupanda mtama au alizeti hana msimu wa pili wa kufidia. Ndiyo maana utabiri wa msimu, unaotaja mvua zitaanza lini, zitakoma lini na kama zitafika wastani, una uzito zaidi kuliko wa kila siku. Tahadhari za TMA nazo zina vipimo: mvua kubwa ni inayozidi milimita 50 ndani ya saa 24, upepo mkali ni unaozidi kilomita 40 kwa saa.