Ada ya Kuku: Baba na Wana wa Petta, 1977

Historia ya ukimbizi wetu huandikwa kwa majina ya marais na majeshi. Mimi nataka kuandika ya baba zetu, kwa sababu nyumbani kwetu wao ndio walioamua nani avuke mpaka na nani abaki. Nilizaliwa Petta, Tororo, katika nchi ya Wapadhola. Nilivuka kwenda Kenya mwaka 1977 nikiwa na miaka 13.

Tuanze na mpaka wenyewe. Kabla ya 1902, Kisumu mpaka Naivasha zilihesabiwa kuwa Uganda. Mwaka huo Waingereza wakaukata Mkoa wa Mashariki wa Uganda na kuuweka chini ya utawala ambao baadaye uliitwa Kenya. Hawakumwuliza mtu. Wasamia na Wateso wakajikuta pande mbili, na Busia ikawa mji mmoja wenye serikali mbili.

Sisi Wapadhola lugha yetu ni ndugu wa Kijaluo cha Kenya. Wazee husimulia kwamba Adhola na Owiny walikuwa ndugu. Walisafiri pamoja kutoka kaskazini, Adhola akakaa hapa kwetu, Owiny akaendelea mashariki. Profesa Bethwell Ogot aliwasikiliza wazee hao kabla ya kutoa kitabu chake cha historia ya Wajaluo mwaka 1967. Ndiyo maana majina yanafanana. Mtoto wa kiume aliyezaliwa mvua ikinyesha ni Okoth, awe wa Petta au wa Siaya.

Sasa miaka ya Amin. Mwaka 1972 aliwafukuza Wahindi, maduka yakabaki matupu. Sukari, chumvi na sabuni tukazipata kwa magendo kutoka Kenya. Februari 1976 Amin akadai kwamba sehemu kubwa ya magharibi ya Kenya ni ya Uganda, na barabara za kwetu zikajaa askari. Halafu ikaja tarehe 16 Februari 1977. Siku hiyo waliuawa Askofu Mkuu Janani Luwum na mawaziri wawili, Erinayo Oryema na Charles Oboth-Ofumbi. Redio ilisema ni ajali ya gari. Oboth-Ofumbi alikuwa Mpadhola, tena ndiye aliyeandika kitabu cha mila zetu mwaka 1960. Kwetu hakuna aliyeamini ajali. Watu walisema tu kwa sauti ya chini: kama waziri ameuawa, mtoto wa mkulima ni nani?

Baba alikuwa na wana wawili. Jioni moja alituita, mimi na kaka yangu, akasema maneno machache. Kaka abaki alinde boma na makaburi. Mimi nivuke, nikasome kwa mama mdogo aliyeolewa upande wa Kenya. "Adhola alikaa, Owiny akaenda," alisema. "Wote walikuwa wana." Mama hakusema kitu. Alinifungia karanga kwenye kitambaa.

Tulitembea usiku kucha, tukikwepa barabara kubwa. Karibu na Busia askari mmoja alitusimamisha. Enzi hizo Kiswahili kilikuwa lugha ya bunduki. Amin alikuwa amekitangaza lugha ya taifa mwaka 1973, lakini vijijini tulikisikia zaidi kwenye vizuizi, na wengi walikichukia. Baba alikijua kwa sababu aliwahi kufanya kazi ya reli.

"Wewe mzee, unapeleka huyu wapi?"

"Afande, napeleka kijana kwa mama yake mdogo. Ni mgonjwa sana."

Hakutetemeka. Alimpa afande ile karanga yote, tukapita. Ng'ambo alinikabidhi, akanishika kichwa, akageuka. Hakuangalia nyuma. Kwa miaka miwili niliamini kwamba alinitupa. Nilijiambia: mtoto anayependwa ndiye anayewekwa karibu.

Huku Kenya jina langu ndilo lililokuwa kipande changu. Mwalimu alipolisoma alidhani mimi ni mtoto wa Nyanza, sikumsahihisha. Wakimbizi wa Uganda tulikuwa wengi wakati huo, wengine wakiwa walimu katika shule za sekondari. Mimi nilikuwa mtoto tu, na ada ilitakiwa.

Hapo ndipo penye historia ninayotaka ibaki. Shilingi ya Uganda ilikuwa imekufa thamani, hakuna aliyeitaka upande huu. Kwa hiyo baba alilipa kwa kuku. Kila mwanzo wa muhula mama mmoja mfanyabiashara alifika kwa mama mdogo na tenga la kuku na kibuyu cha simsim. Waliuzwa sokoni, pesa ikaenda shuleni. Kuku hao walipita kwenye vizuizi vilevile, ambapo magendo yangeweza kumletea mtu kifo. Mimi niliona kuku tu. Niliona aibu, nikaomba Mungu wenzangu wasijue.

Desemba 1978 mama yule alikuja mikono mitupu. Baba alikuwa ameugua wiki moja na kufariki. Vita na Tanzania ilikuwa imeanza, sikuweza kurudi. Mwana ambaye hakumwagia baba yake udongo hubeba deni, na deni hilo nimelibeba mpaka leo.

Machi 1979 baadhi ya wenzetu waliokimbilia Kenya walivuka na silaha wakaishambulia Tororo, wakarudishwa nyuma. Mwezi uliofuata Kampala ikaanguka. Niliporudi Petta, boma lilikuwa halina hata kifaranga. Kaka alinionyesha kaburi. Nikamwambia kilichokuwa moyoni, kwamba yeye ndiye aliyependwa. Akanitazama kwa muda. "Mimi nililala na njaa ili kuku wakufikie," alisema. "Nilijua ni wewe." Tukakaa pale hadi giza.

Mwaka 2008 historia iligeuka. Baada ya uchaguzi wa Kenya kuharibika, maelfu walivuka kuja Uganda kupitia Busia, Malaba na Lwakhakha. Wengi waliwekwa Mulanda, si mbali na Petta, kabla ya kuhamishiwa Kiryandongo. Tulipeleka mahindi na maharage. Baba mmoja aliniuliza kama shule ya hapo ingempokea kijana wake, maana yeye alitaka kurudi kuangalia shamba lililochomwa. Kijana alisimama pembeni, uso umefungwa. Niliujua uso ule.

Sikumhubiria. Nilimwonyesha baba njia ya kwenda shuleni, kisha nikakaa na kijana, nikamsimulia habari za tenga la kuku. Alisikiliza, hakujibu kitu. Baadaye aliniuliza, "Na huyo mama wa kuku, mlimlipa nini?" Sikuwa nimewahi kulifikiria swali hilo. Hatukumlipa.

Ndugu wasomaji, kama wazee wenu wako hai, waulizeni: nani alichaguliwa kuvuka, nani akabaki, ada ilitoka wapi, na ni nani aliyeibeba. Andikeni mkiwa nao bado. Mimi nilichelewa, na sehemu kubwa ya habari za baba nimezipata kwa kaka.