Nchi Yetu Katika Vitabu vya Wataalamu



Baada ya hesabu za fedha na habari za mikutano, twaona ni vyema kueleza kwa ufupi habari za vitabu vilivyoandikwa juu ya nchi hii, kutoka Mlima Elgon hadi mto Nzoia. Maana watoto wetu wanaosoma huvitegemea vitabu hivyo, na nchi isiyoandikwa na wenyewe huandikwa na wengine.

Wa kwanza kuandika walikuwa wapita njia. Joseph Thomson, Mskoti, alifika pande hizi mwaka 1883, na kitabu chake kikatoka London mwaka 1885. Humo mna habari za mlima na mapango yake. Baadaye alikuja C. W. Hobley, ofisa wa serikali, aliyeshiriki vita vya Lumboka na Chetambe mwaka 1895, naye akachapisha kumbukumbu zake mwaka 1929. Lakini habari zake ni za mtu aliyekuwa nje ya ngome akiishambulia. Habari za waliokuwa ndani, wanaume, wanawake na watoto, zilibaki vinywani mwa wazee. Na katika maandishi ya siku zile Wabukusu waliitwa Kitosh, jina ambalo wenyewe hawakujiita.

Mwanachuoni aliyekaa na watu akawauliza ni Günter Wagner, Mjerumani, aliyefanya uchunguzi wake katika miaka ya 1930. Kitabu chake cha kwanza kilitoka mwaka 1949, na cha pili mwaka 1956, yeye akiwa amekwisha kufariki. Ameeleza kwa urefu habari za koo, ndoa, jando na matambiko ya Wabukusu na Walogoli.

Hatimaye wenyeji nao walishika kalamu. Mwaka 1967 Gideon Were alitoa historia ya Abaluyia, na mwaka 1978 F. E. Makila akatoa historia ya Babukusu. Were aliwasikiliza wazee wa koo mbalimbali, akayapima masimulizi yao kwa vizazi na marika. Kazi hiyo yataka uangalifu mwingi. Kwetu majina ya marika ni manane: Kolongolo, Kikwameti, Kananachi, Kinyikeu, Nyange, Maina, Chuma na Sawa, nayo huzunguka, jina likirudi baada ya miaka kama mia. Basi mzee akisema jambo fulani lilitokea zamani za Maina, hapana budi kumwuliza, Maina yupi? Asiyeuliza aweza kukosea kwa miaka mia nzima.

Mtu asidhani kwamba mambo haya ni ya wasomi peke yao. Mwaka 1962 Tume ya Mipaka ya Mikoa ilipozunguka Kenya, watu walitakiwa kutoa hoja zao juu ya ardhi na ujirani. Mwaka 1963 Bungoma iliwekwa katika Mkoa wa Magharibi, na Trans Nzoia katika Mkoa wa Rift Valley. Hatusemi haya ili kufufua ugomvi na jirani zetu. Twasema ili ijulikane kwamba mbele ya tume au mahakama, neno lililoandikwa mapema lina uzito kuliko neno linalokumbukwa siku ile ya kuulizwa.

Kwa hiyo twaomba mambo mawili. Kwanza, kila ukoo uchague kijana mmoja mwenye mwandiko mzuri, akae na wazee, aandike majina ya mito, vilima, makaburi na mahame, pamoja na jina la msimulizi, rika lake, kijiji chake na tarehe. Pili, masimulizi mawili yakipingana, yote mawili yaandikwe, wala lisifutwe moja ili kupendeza lingine. Nakala moja ikae kwa ukoo, ya pili iletwe kwa karani wa Chama.

Wazee wanatutoka mmoja mmoja. Mzee akizikwa na habari zake, hakuna mwanachuoni wa kwetu wala wa ng'ambo awezaye kuzifukua.